Usiilipue kazi inayokulisha

Nilipoanza kuandikia magazeti habari za maonyesho ya picha, nilikuwa naona haya. Nilichotaka ni riwaya. Hizi zilikuwa za kulipia kodi ya nyumba tu. Basi nikawa nazilipua. Siku moja mchoraji mmoja akanipigia simu, mpole kabisa: "Ndugu yangu, ile picha ya kijani uliyoisifu, uliionea wapi?" Kumbe haikutundikwa. Mimi niliisoma kwenye kipeperushi.

Aliyenitoa huko ni Mfaransa, Théophile Gautier. Alizaliwa Tarbes mwaka 1811, akajifunza uchoraji Paris kwa Rioult, kisha akahamia kwenye ushairi. Diwani yake ya kwanza ilitoka Julai 1830, mapinduzi yamepamba moto mitaani. Nani angenunua mashairi siku hizo? Mwaka 1836 akaanza kuandika uhakiki katika gazeti la La Presse: picha, tamthilia, dansi. Mzigo huo aliunung'unikia miaka nenda miaka rudi, na alikuwa na watu wa kulisha. Lakini aliandika kama mtu aliyewahi kushika brashi.

Kinachonifurahisha zaidi ni habari ya baleti. Kwa kukaa ukumbini kikazi, alivutiwa mno na mnenguaji Carlotta Grisi. Halafu akasoma kwa mshairi Mjerumani, Heinrich Heine, habari za mizimu ya mabibi harusi waliokufa kabla ya ndoa, wanaocheza usiku. Akashirikiana na Saint-Georges kutunga hadithi, Adolphe Adam akatia muziki, na Juni 1841 Grisi akacheza Giselle kwenye Opera ya Paris. Gautier akaja kuiandikia gazetini mwenyewe, kwa mtindo wa barua kwa Heine. (Leo mhariri wangu angenifukuza.) Baleti hiyo inachezwa mpaka sasa, na mbegu yake ilitoka kwenye kibarua.

Kwa hiyo, wewe unayeandika ili ule: nenda kwenye onyesho mara mbili. Mara ya kwanza acha kalamu mfukoni, tazama tu. Kipeperushi kisome mwisho. Na uwe na daftari la pembeni la yale ambayo mhariri hayataki. Langu limeshazaa hadithi fupi tatu.

Yule mchoraji aliweka maonyesho mengine mwaka jana, nami nikaenda mara mbili. Picha ya kijani safari hii ilikuwepo, nyuma ya mlango. Ni ya bluu.