Shikeni klepa kwanza

Wadogo zangu, mwaka huu nimeshaona vijana watatu wakikataa kushika klepa, kile kibao kinachogongwa mbele ya kamera kabla ya kila teki, kwa sababu wao "ni madairekta". Pale seti nilinyamaza. Hapa sinyamazi.

1. Msomeni Ronald Neame. Dairekta huyu Mwingereza alizaliwa 1911. Mwaka 1929 alikuwa msaidizi wa kamera kwenye Blackmail ya dairekta Hitchcock, ile filamu iliyoanza kama filamu bubu ikageuzwa ya sauti kazi ikiwa inaendelea. Wakati wa vita akawa mpiga picha mkuu wa In Which We Serve, 1942. Vita vilipoisha akawa prodyuza wa Great Expectations, na kwenye skripti jina lake limo pia. Filamu ya kwanza kuiongoza mwenyewe ilitoka 1947, akiwa na miaka 36. Nyinyi mna miaka 22 na mnataka kiti cha dairekta.

2. Kila kadi ya kamera, ile inayohifadhi picha, iwe na tepu ya rangi. Nyekundu imejaa, kijani tupu. Andika namba kabla hujaitoa kwenye kamera.

Hili nalijua kwa machozi. Kazi yangu ya kwanza nilipewa kutunza kadi na kuzinakili kwenye diski, nikaona nimedhalilishwa. Siku nzima nilikuwa nimesimama nyuma ya dairekta nikitazama monita, najifunza ukubwa. Mchana ule tulipiga msiba. Tulikuwa na bibi mmoja wa kijijini, si mwigizaji, aliyekuwa amezika mtoto wake kweli. Alilia teki moja, seti nzima ikatulia. Hata kijana wa jenereta alivua kofia. Nikapokea kadi, nikaitia mfukoni na nyingine mbili, bila tepu. Jioni kamera ikaitisha kadi. Nikachomoa moja, nikafomati, yaani nikafuta kila kilichomo, nikakabidhi. Tulishapiga mbili tatu juu yake ndipo nilipofungua diski kutafuta msiba nisiuone.

Kesho yake ilibidi tumwombe bibi arudie. Alikaa kwenye mkeka uleule, kanga ileile, machozi hayakuja. Akanigeukia, maana mimi ndiye niliyemletea maji, akaniuliza kwa sauti ya chini: "Mwanangu, kwani jana nililia vibaya?"

Nilimwambia hapana, bibi. Sikumwambia zaidi. Ni miaka kumi na moja sasa, na ningali nalisikia swali lile kila nikishika kadi.

3. Usijifungie kwenye aina moja. Kuna wanaosema Neame hana alama yake, kwa kuwa aliruka kutoka kambi ya jeshi la Uskoti kwenye Tunes of Glory (1960) hadi nyimbo za Scrooge (1970) hadi meli iliyopinduka ya The Poseidon Adventure (1972). Nawapinga. Tazameni waigizaji wake. Alec Guinness alishinda tuzo ya mwigizaji kwenye tamasha la filamu la Venice 1958 kwa filamu ya Neame, John Mills akaichukua 1960 kwa nyingine, Maggie Smith akapata Oscar kwa The Prime of Miss Jean Brodie. Alama yake imo kwenye nyuso za watu. Aliyeanzia kwenye lenzi alijua uso unataka nini.

4. Betri zichajiwe usiku. Zote.

5. Jumamosi tuko lokesheni saa kumi na moja alfajiri. Tepu nitakuja nazo mimi, rangi mbili. Yule aliyekataa klepa, nimemwekea kadi.