Maswali na Majibu: Fainali za konferensi na zigo la lawama

Fainali za AFC na NFC, konferensi mbili za ligi ya futiboli ya Marekani (NFL), zikishapigwa, barua nyingi zinazonifikia huuliza jambo moja kwa maneno mbalimbali: nani katuponza? Refa, shilingi iliyorushwa, mpiga kiki, kijana aliyeangusha mpira. Nimezichagua hizo kwa makusudi, nikachanganya na maswali machache yanayojibika haraka.

Fainali ya konferensi ndiyo Super Bowl yenyewe? (Msomaji, Morogoro)

Hapana. Ni mechi mbili, moja ya AFC na nyingine ya NFC, na washindi wake ndio wanaokutana Super Bowl, mechi ya ubingwa wa ligi nzima. Swali hili linarudi kila msimu, na jibu halijabadilika tangu ligi mbili zilipoungana mwaka 1970. Kabla ya kuniandikia, someni kwanza majibu yaliyopita.

Zinaonyeshwa saa ngapi kwa saa za kwetu? (Msomaji, Dodoma)

Ile inayoanza saa 9:00 alasiri ya pwani ya mashariki ya Marekani, kwetu ni saa 5:00 usiku wa Jumapili. Ile ya saa 12:30 jioni, kwetu ni saa 8:30 usiku wa kuamkia Jumatatu. Walioko Lubumbashi, Bujumbura na Kigali watoe saa moja. Kama Jumatatu unaendesha gari la abiria, lala; rekodi itakuwepo.

Mimi ni shabiki wa Saints. Si kweli kwamba marefa walituibia Super Bowl Januari 2019? (Msomaji, Houston)

Kwamba mlidhulumiwa, hilo halina ubishi. Ni fainali ya NFC dhidi ya Rams. Ubao ulisoma 20–20, imebaki dakika 1 na sekunde 49, Saints wako yadi 13 tu kutoka mstari wa Rams, jaribio la tatu kati ya manne ambayo timu hupewa kusogea yadi 10. Drew Brees, mrushaji wenu, anarusha upande wa kulia kwa Tommylee Lewis. Nickell Robey-Coleman, mlinzi wa Rams, anakuja kwa kasi, hageuzi hata shingo kuutafuta mpira, anamgonga Lewis kabla mpira haujafika, helmeti kwa helmeti. Uwanja mzima unasubiri kitambaa cha njano, ambacho refa hurusha kuonyesha kosa, na hakirushwi. Robey-Coleman mwenyewe alikiri baadaye kwamba alimgonga mapema mno. Ligi ikamtoza faini ya dola 26,739 kwa tukio ambalo refa hakuliadhibu. Kocha Sean Payton alisema mkuu wa waamuzi alimwambia kwa simu kwamba walikosea. Machi ya mwaka huo ligi ikaruhusu kosa la aina hiyo lipitiwe kwenye video, ikajaribu msimu mmoja wa 2019, ikaachana nalo.

Sasa nisikilize na upande ambao barua za mashabiki wa Saints hazitaki kuufikia. Mlikuwa nyumbani na mliongoza 13–0 katika robo ya kwanza. Mkaacha uongozi ule ukayeyuka. Na kabla ya tukio lile, kwenye jaribio la kwanza, badala ya kukimbiza mpira ili saa iendelee kutembea, mlirusha pasi, haikudakwa, saa ikasimama. Hata baada ya refa kunyamaza, Wil Lutz alipiga fildi goli, yaani kiki ya pointi tatu, mkaongoza 23–20. Ulinzi wenu ukapewa kazi ya kuwazuia Rams kwa dakika moja na ushei, ukashindwa, Greg Zuerlein wao akasawazisha kwa kiki ya yadi 48 zikiwa zimebaki sekunde 15. Muda wa nyongeza, shilingi ikarushwa kuamua nani aanze na mpira, mkashinda nyinyi. Mpira wa kwanza ukawa wenu. Dante Fowler wa Rams akamgonga Brees akiwa anarusha, mpira ukapaa juu ovyo, John Johnson, mwenzake, akaudaka. Zuerlein akamaliza kazi kwa yadi 57, tena ndani ya kelele za Superdome, uwanja wenu.

Kosa la refa lilikuwa kubwa, na ndilo kubwa kuliko yote niliyowahi kuona katika hatua hiyo. Lakini mwenye kuniambia mechi iliishia pale, hakutazama mechi, alitazama kipande kwenye simu. Kuna mwenye tiketi aliyekwenda hadi mahakamani. Mahakama Kuu ya Louisiana ilitupa kesi hiyo Septemba 2019, na ilifanya vema. Siku refa atakaposhtakiwa na mtazamaji kwa kutorusha kitambaa, hatapatikana wa kuchezesha hata mechi za watoto.

Kwa nini mechi nzito hivi iamuliwe kwa kurusha shilingi? Mahomes hakugusa mpira dhidi ya Brady! (Msomaji, Kisumu)

Habari zako ni za zamani. Unazungumzia fainali ya AFC ya siku ileile ya Saints, Januari 20, 2019: Patriots 37, Chiefs 31. Kweli, Patriots walishinda shilingi, mrushaji wao Tom Brady akawapeleka yadi 75 moja kwa moja, Rex Burkhead akauingiza mpira mstarini, yaani tachidauni, na kwa sheria ya wakati ule mechi ikaisha. Patrick Mahomes, mrushaji wa Chiefs, alibaki amesimama kando. Lakini kumbuka pia kwamba dakika za mwisho za muda wa kawaida Chiefs walikuwa wameshanasa pasi ya Brady, na ushindi ulikuwa mikononi. Kitambaa kikarushwa na pasi ile iliyonaswa ikafutwa, kwa sababu Dee Ford wa Chiefs alikuwa amesimama mbele ya mstari kabla mpira haujachezwa. Hiyo nayo ni shilingi?

Sheria ilibadilishwa Machi 2022 kwa kura 29 za wamiliki wa timu dhidi ya 3. Kwenye hatua ya mtoano kila timu inapata mpira angalau mara moja, hata kama ya kwanza imefunga tachidauni. Kilichowasukuma ni ile Bills na Chiefs ya Januari 2022 iliyoisha 42–36, Josh Allen, mrushaji wa Bills, naye akiwa ameketi benchi. Naunga mkono mabadiliko hayo. Ila wiki moja baada ya mechi hiyo, kabla sheria haijaguswa, Chiefs walishinda tena shilingi dhidi ya Bengals kwenye fainali ya AFC, wakapata mpira wa kwanza, Vonn Bell wa Bengals akainasa pasi ya Mahomes na mpiga kiki wao Evan McPherson akawamaliza, 27–24. Chiefs haohao walikuwa wameongoza 21–3, na kabla ya mapumziko, wakiwa yadi moja kutoka mstarini, walikataa fildi goli ya pointi tatu rahisi, wakajaribu pasi fupi iliyozimwa. Pointi tatu! Mechi iliisha kwa tofauti ya pointi tatu. Shilingi haikuhusika.

Nyongeza ambayo hukuuliza: chini ya sheria mpya, kupata mpira wa pili naona ni bora, kwa sababu unajua unachohitaji. San Francisco walishinda shilingi kwenye Super Bowl ya Februari 2024 wakachagua kuanza, wakalala 25–22, na baadhi ya wachezaji wao wakasema hawakuijua sheria mpya. Timu inayolipwa mamilioni ifike fainali bila kusoma kanuni! Hilo linanikera kuliko sarafu.

Nipe uhakika wa fainali zote mbili niweke mkeka. (Msomaji, Mbeya)

Sina, na hakuna aliye nao. Anayekuuzia "fixed" kwenye Telegram ni tapeli: nusu ya wateja anawapa timu hii, nusu anawapa ile, kesho anaonyesha risiti za walioshinda. Na wewe unayeweka sare kwa mazoea ya Ligi Kuu, jua kwamba mtoano wa NFL hauna sare. Wanacheza mpaka mmoja ashinde. Soma masharti kama mkeka wako unahesabu muda wa kawaida peke yake. Pesa ya ada ya mtoto isiguse kabisa.

Chiefs wanabebwa na marefa. Kwa nini unaogopa kusema? (Msomaji, Nairobi)

Siogopi, siamini. Barua yako inataja fainali ya AFC ya Januari 26, 2025, Chiefs 32, Bills 29. Robo ya nne, Bills wanaongoza 22–21, jaribio la nne, inatakiwa yadi moja haijatimia. Allen anajitumbukiza kwenye rundo la watu. Mwamuzi wa upande mmoja anaingia akionyesha amefika, wa upande wa pili anaonyesha hajafika, na mpira unawekwa pungufu. Video ikapitiwa, uamuzi ukabaki. Kwa macho yangu Allen alifika. Lakini mpira ukiwa umefunikwa na miili kumi, macho yangu na yako si ushahidi, na kanuni inadai ushahidi wa wazi ndipo uamuzi wa uwanjani utenguliwe.

Halafu nini? Bills walisawazisha 29–29. Baada ya fildi goli ya Harrison Butker wa Chiefs walipata mpira tena, muda ukitosha kabisa. Jaribio la nne, Steve Spagnuolo, kocha wa ulinzi wa Chiefs, akatuma walinzi kila upande, Allen akarusha akirudi nyuma, Dalton Kincaid, mwenzake, akaugusa na hakuushika. Na hao mnaosema wanabebwa, siku kumi na nne baadaye walifungwa na Eagles 40–22 mbele ya dunia nzima.

Dai lenye mashiko ni jingine, na ningependa mlidai kwa sauti kubwa. Tangu 2025 ligi inapima umbali kwa kamera badala ya kutegemea mnyororo wa kupimia. Lakini nani anaweka mpira chini kabla kamera haijapima? Bado ni mwamuzi, kwa mkono wake, baada ya kuchungulia kwenye rundo. Unapima kwa usahihi kitu kilichowekwa kwa kukadiria. Hapo ndipo pa kusukuma.

Kwa nini zisichezwe uwanja usio wa yeyote? (Msomaji, Lubumbashi)

Tangu 1975 mwenyeji ni aliyemaliza msimu juu zaidi. Januari 2023 Atlanta iliandaliwa ikiwa Bills na Chiefs wangekutana, kwa kuwa mechi ya Bills na Bengals ilifutwa baada ya moyo wa Damar Hamlin wa Bills kusimama uwanjani, na timu zikawa hazijacheza mechi sawa. Hawakukutana, na nashukuru Hamlin alipona. Uwanja wa nyumbani ni malipo ya kazi ya miezi minne. Uachwe.

Joseph Ossai angefukuzwa usiku uleule. Unakubaliana nami? (Msomaji, Columbus, Ohio)

Sikubaliani hata kidogo, na nimekasirika kusoma ulivyoandika juu yake; maneno mengine sikuyachapa.

Fainali ya AFC, Januari 29, 2023, 20–20, sekunde zinakatika. Mahomes, kifundo cha mguu kikimuuma, anachechemea kwenda kulia, anavuka mstari wa pembeni. Ossai, mlinzi wa Bengals, amemfukuza tangu katikati ya uwanja, mguu wake hauwezi kusimama ghafla, mkono unamsukuma Mahomes akiwa tayari nje. Kitambaa, yadi 15, na Butker anapiga kiki ya yadi 45. Chiefs 23, Bengals 20. Kosa ni kosa, na refa aliamua sawa. Kijana aliumia goti kwenye tukio hilohilo, kamera zikamwona akilia benchi.

Lakini mechi ile Joe Burrow, mrushaji wa Bengals, alinaswa pasi mbili na akaangushwa mara tano, mojawapo ni ile ya Chris Jones wa Chiefs dakika ya mwisho iliyowalazimu Bengals kuupiga mpira mbali. Skyy Moore wa Chiefs akaurudisha yadi 29. Mbona barua yako haimtaji yeyote kati ya waliotakiwa kumzuia Moore? Kwenye chumba cha kubadilishia nguo B.J. Hill, mchezaji mwenzake, alisimama ubavuni mwa Ossai mbele ya waandishi, akawazuia wenye maswali ya kumkandamiza. Hill alikuwa uwanjani, kipigo kilimuuma kuliko wewe na mimi, na ndiye aliyejua nini cha kufanya.

Waulize wazee wa Cleveland juu ya Earnest Byner, mchezaji wa timu yao. Fainali ya AFC ya Januari 1988 alinyang'anywa mpira hatua chache kabla ya mstari wa Denver, wakafungwa 38–33, na jina lake likageuka tusi. Siku ile alikuwa amefunga tachidauni mbili na kukusanya yadi 187. Timu yake ilikuwa nyuma 21–3 wakati wa mapumziko. Ni yeye aliyewarudisha mpaka wakawa na kitu cha kupoteza. Miaka minne baadaye alitwaa Super Bowl akiwa na Washington.

Kuna Mkenya aliyewahi kufika ligi hiyo? (Msomaji, Eldoret)

Daniel Adongo. Alitoka kwenye raga, akajiunga na Indianapolis Colts mwaka 2013 bila kuwahi kucheza mchezo huu shuleni wala chuoni.

Mimi ni mgeni kabisa. Nianze na fainali gani ya zamani? (Msomaji, Tanga)

Green Bay dhidi ya Seattle, Januari 18, 2015. Itazame nzima. Utaambiwa na kila mtu usubiri mwisho, pale Brandon Bostick wa Green Bay anaporuka kudaka kiki fupi ambayo Seattle wameipiga ili waupate mpira wao wenyewe, ilhali kazi yake ilikuwa kumkinga mwenzake Jordy Nelson audake, mpira unagonga helmeti yake, Seattle wanaupata na kushinda 28–22. Bostick alitumiwa vitisho vya kuuawa, na mwezi uliofuata timu ikamwacha.

Wewe anza na robo ya kwanza. Mara mbili Green Bay wanafika yadi moja kutoka mstarini, na mara mbili kocha anachukua pointi tatu. Kisha tazama zikiwa zimebaki dakika tano, wakiongoza 19–7: Morgan Burnett wa Green Bay ananasa pasi, mbele yake pako wazi, anajilaza chini badala ya kukimbia. Baada ya hapo wanakimbiza mpira mara tatu kwenye ukuta wa walinzi na kuurudisha kwa Seattle. Andika kwenye karatasi kila nafasi iliyopotea kabla Bostick hajaruka, halafu nitumie orodha yako.