Pauni 1,000 za Alf Common zilikwenda kwa nani?

SWALI: Mwaka 1905 Middlesbrough, klabu ya soka ya Uingereza, walimnunua mshambuliaji Alf Common kwa pauni 1,000. Je, alitajirika?

JIBU: Hapana, fedha zilikwenda Sunderland, klabu iliyomuuza. Tangu 1901 mshahara wa mchezaji wa ligi Uingereza haukuruhusiwa kuzidi pauni 4 kwa wiki, na bonasi zilipigwa marufuku. Klabu ndiyo iliyoshikilia usajili: hata mkataba ulipoisha, bila ridhaa ya klabu mchezaji hakuweza kupata timu nyingine ya ligi. Ulikuwa uonevu wa wazi.

Middlesbrough walikuwa hatarini kushuka daraja, na ushindi wa ugenini hawakuuonja kwa karibu miaka 2. Mechi yake ya kwanza, ugenini kwa Sheffield United, klabu yake ya zamani, Common alifunga penalti: 1-0. Wakanusurika. Mwaka 1910 Woolwich Arsenal walimchukua kwa pauni 250 tu.