Wimbo wa harusi wakati unaporudi nyuma

Je, katika ulimwengu wa kubuni ambamo wakati hurudi nyuma, wimbo wa harusi huwa wimbo uleule ulioanzia mwisho? Hapana, kwa sababu kila mlio wenyewe hugeuka. Pembe ya vugo, ile ngoma ya wanawake ya harusini, wanavyoipiga kwa kijiti akina mama wa hapa Mombasa, hulia kwa ghafla kisha hufifia. Nilipoigeuza rekodi yake kwenye kompyuta, mlio ulianza kwa kunong'ona, ukakua, halafu ukakatika pale kijiti kilipogusa pembe. Sauti ndefu ya nzumari, ala ya kupuliza, haibadiliki sana. Maneno nayo hayawi kile kinyume chetu cha kupindua silabi, ambacho humfanya mbuzi awe “zimbu”, kwani hapa hupinduka sauti mojamoja, na “mama” husikika “amam”. Linalonigusa zaidi ni kwamba kiitikio humtangulia anayeongoza wimbo, yaani jibu hufika kabla ya wito. Mtunzi wa muziki Haydn alifanya jambo la karibu na huku kurudi nyuma katika Simfoni namba 47 ya mwaka 1772, lakini aligeuza mpangilio wa noti tu. Kila noti bado hupigwa kwa kawaida.