Ukikatwa na timu, begi lisifunguliwe

Kuna dogo mmoja wa Kikongo namfundisha futiboli ya Kimarekani hapa Ohio, anacheza mstari wa mbele wa difensi kama nilivyocheza mimi, juzi kaniuliza "kaka, hivi nikifika NFL, ile ligi kuu ya huku, alafu wakanikata, yaani timu ikaniacha, nafanyaje?" Jibu fupi sikuwa nalo ndo maana naandika.

Mi nilicheza miaka minne chuo kidogo, pale katikati ya mstari, nikaitwa na timu moja kambi ya majaribio siku tatu bila mkataba. Siku ya pili kocha wa laini, yaani wa huo mstari wa mbele, kaniuliza naweza kusogea kucheza pembeni? Nikasema ukweli, sijawahi. Siku ya tatu nikarudisha ile kompyuta ndogo ya mkononi yenye mipango yao ya uchezaji nikaondoka. Nilivofika nyumbani nikanuna wiki tatu, sikimbii, sinyanyui chuma, na wiki ya nne ajenti, yule anayenitafutia timu, akapiga simu kuna timu nyingine inataka kuniona kesho. Nilienda, mazoezi ya dakika kumi tu pumzi ikakata, mpaka leo inaniuma.

Sa elewa mambo yanavyokwenda. Kambini mnaingia watu 90, msimu ukianza wanabaki 53 na wengine 16 wanakaa kikosi cha mazoezi, wanaolipwa kwa wiki, yaani ukikatwa leo wiki ijayo huna kitu, kwa hiyo usikimbilie kupanga apatimenti ya mwaka mzima wala kukopa gari. Lakini jitu la kilo 130 linalosukumana kila mpira halimalizi mechi nzima, lazima mpokezane, na watu wanaumia, kwa hiyo katikati ya msimu timu zinatafuta watu wa laini na mara nyingi wanawaita kuwajaribu Jumanne. Wewe uwe ndo yule ambaye Jumatatu usiku yuko fiti na simu imechajiwa.

Alafu jifunze nafasi ya mwenzako. Hapa ndo nasisitiza kabisa. Timu moja inaweka wanne mbele kila mtu na pengo lake, yaani ule uwazi kati ya wapinzani wawili wa mstari wa mbele, nyingine inaweka watatu na wewe wa katikati unashikilia mapengo mawili, kushoto na kulia kwa senta, yule mpinzani wa katikati anayeanzisha mpira, huruhusiwi kupenya mpaka uone mpira unaenda wapi. Mwili ni ule ule ila kazi tofauti kabisa, miguu tofauti, mikono tofauti. Mtu wa kuhamahama anayejua pengo lake moja tu anakula msimu mmoja, anayejua yote anaitwa hata akiwa na miaka 32.

Mfano wangu siku zote ni Efe Obada, naye wa mstari wa mbele wa difensi. Kazaliwa Nigeria, kakulia London, alikuwa kacheza mechi tano tu na London Warriors pale Dallas Cowboys walipomsaini 2015. Wakamkata. Akaenda Kansas City, akakatwa, Atlanta, akakatwa. 2017 akaingia Carolina Panthers kwa ile programu ya wachezaji wa kimataifa, mwaka mzima akawa anafanya mazoezi tu bila kuruhusiwa kucheza mechi hata moja, hebu fikiria mwaka mzima! Septemba 2018 wakampa jezi dhidi ya Cincinnati Bengals, akamwangusha kwotabeki wao, yule anayerusha mpira, na akadaka pasi yake, wiki ile akachaguliwa mchezaji bora wa difensi wa NFC, moja ya pande mbili za ligi. Baadae Buffalo, baadae Washington, na kote walimhitaji kwa sababu anacheza pembeni mwa mstari na anaweza kuingia katikati pia.

Na nyie wazazi naomba mnisikilize. Mimi nilivyokatwa nilimpigia mama Tanga, neno lake la kwanza "umemkosea nani mwanangu?" Hakuwa na ubaya, kwetu mtu akifukuzwa kazi ujue kuna jambo kafanya. Huku inawezekana hujafanya kosa lolote, kaumia anayecheza sehemu nyingine wakahitaji kiti chako kikosini wamweke mbadala wake, basi. Kwa hiyo kijana akirudi na begi lake msimhoji siku ile. Mpikieni wali na maharage na nyama ya kutosha ashibe, maana akikaa wiki mbili hali vizuri atashuka kilo sita, na simu ikija Jumatatu usiku hizo kilo hazirudi kwa asubuhi moja.