Ulizeni Shangazi: Eti atanifanya staa wa filamu za wakubwa

Shikamoo shangazi. Mi ni msichana wa miaka 24 naishi hapa Ngamiani Tanga, nacheza baikoko, ngoma yetu ya kukata kiuno, tangu nina miaka 19, harusini, kwenye vigodoro, hadi Muheza na Pangani tunaitwa. Usiku mmoja tukigawana napata elfu 25 au 30 na tuzo kidogo nikitunzwa, Ramadhani ndo hamna kitu kabisa. Sasa kuna kaka mmoja wa Dar kaona kipande changu Instagram kanifuata inbox, anasema yeye ni meneja anatafuta wasichana wa filamu za wakubwa, sini moja dola 1,500, tunarekodia nyumba ya kupanga Raskazone, video zinauzwa Ulaya tu huku kwetu hazifunguki, na nikifanya vizuri pasipoti ananishughulikia yeye naenda nje. Kaniambia nimtumie picha sita za utupu za usaili na kopi ya kitambulisho cha NIDA. Shangazi sitaki mahubiri, mama akijua hata nimekuandikia ataniua. Nataka kujua tu mtu anaweza kutoka kimaisha kwa kazi hii au hawezi?
Kiuno Bila Mfupa, Ngamiani

Marahaba mwanangu. Mahubiri sikupi, na mie baikoko naijua, nimekaa kwenye mikeka hiyo mpaka alfajiri kabla we hujazaliwa, kwahiyo tuongee kazi kama kazi.

Wapo waliotoka, nisikudanganye. Marekani kuna Jenna Jameson, mwaka 2000 alifungua kampuni yake ClubJenna na mwaka 2006 Playboy wakainunua, huyo alitajirika kweli. Lakini angalia alitajirikia wapi. Hakutajirika kwa kuvua, alitajirika alipokuwa mwenye duka. Kule waigizaji wengi wanalipwa kwa sini, umerekodi leo umelipwa leo basi, ikiangaliwa mara milioni mia hupati hata ya vocha. Mia Khalifa unamjua, nani hamjui, jina lake mpaka vitoto vya sekondari vinalitaja. Alifanya kazi hiyo kama miezi mitatu tu kati ya 2014 na 2015, na mwaka 2019 alisema mwenyewe kwamba jumla aliyopata ni kama dola 12,000. Piga hesabu, kama milioni 30 za kwetu, unapata kiwanja Pongwe na tofali za kuanzia, hafu kila nyumba duniani ina video yako na wanaoendelea kula ni wengine.

Hapo ndo pa kuelewa mwanangu. Ukicheza baikoko ngoma ikizimwa watu wanajikung'uta vumbi wanaenda kulala, kiuno unarudi nacho nyumbani, Jumamosi ijayo unakiuza tena kwa mtu mwingine na bei unaweza kuipanga wewe. Video unaiuza mara moja, aliyeinunua anaiuza kila siku. Sie Tanga tunaambiwa waja leo waondoka leo, video ikija haiondoki. Kwahiyo swali la kwanza la kumuuliza huyo kaka sio dola ngapi, muulize faili linabaki mkononi mwa nani, na nikitaka ifutwe nafanyaje. Utaona atakavyogeuza maneno.

Na hiyo ya "Ulaya tu, huku hazifunguki" niliposoma nilicheka mwenyewe hapa ofisini, maana ni wimbo wa zamani. San Diego huko Marekani walikuwepo jamaa wakiweka matangazo ya kutafuta modo, msichana akifika anaambiwa usiogope hii inauzwa kwa DVD tu nchi za mbali kama Australia, hakuna atakayekujua. Kumbe zinapandishwa intaneti, na zikawafikia ndugu zao na watu waliosoma nao. Wasichana 22 walishtaki, Januari 2020 hakimu akaamuru walipwe karibu dola milioni 13 na, sikia hili, video zenyewe wakapewa wao haki ya kuzimiliki. Yule mkubwa wa hao jamaa, Michael Pratt, alikimbia, akakamatwa Hispania Desemba 2022, na 2025 kapigwa miaka 27 jela. Hao wasichana walikuwa kwenye nchi yenye wanasheria kila kona na bado ilichukua miaka, na video ikishasambaa hukumu haiwezi kumuingia mtu kwenye simu yake ikaifuta. We wa Ngamiani utamshtaki nani, jina la Instagram?

Halafu sheria. Kule California kazi hii ina pa kukaa, mwaka 1988 mahakama ya juu kabisa ya jimbo ilisema kumlipa muigizaji ili arekodiwe sio ukuwadi, ndo maana kampuni zikajazana bonde la San Fernando pale Los Angeles. Hapa kwetu hakuna kitu kama hicho. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 kifungu cha 14 inasema ukichapisha au kusababisha kuchapishwa picha za ngono kwa kompyuta, na simu imo, faini haipungui milioni 20 au jela isiyopungua miaka 7 au vyote viwili, na zikionekana ni za aibu zaidi ni milioni 30 au miaka 10. Sasa polisi wakija wanamkuta nani kwenye video? Yeye kashika kamera, sura ni yako. Na mkataba wa kazi iliyokatazwa huwezi kuupeleka mahakamani ukadai haki yako, hakimu atakushangaa.

Kitu kingine ambacho hajakutajia kabisa ni afya. Wenzao wa Los Angeles wana utaratibu wa vipimo, muigizaji anapima kila siku 14 na majibu yanawekwa kwenye mfumo mmoja, bila hivyo kampuni inayojiheshimu haimpi kazi. Na pamoja na hayo mwaka 2004 muigizaji mmoja alitoka kurekodi Brazil akiwa na virusi vya ukimwi bila kujua akaambukiza wanawake watatu, kazi zikasimama. Vilevile wanatakiwa kisheria kutunza kumbukumbu za umri wa kila anayeonekana. Huyo wako amekuuliza umepima lini? Amekuambia utacheza na nani na yeye kapima wapi? Amekuuliza picha sita. Mwanangu hizo picha sita sio usaili, hizo ndo kamba yenyewe. Anayo picha, anayo NIDA yako, kesho ukisema sitaki anakuambia nazirusha kwa mama yako. Na ya pasipoti kushughulikiwa na yeye sitaki hata kuieleza sana, nchi hii ina sheria ya kuzuia usafirishaji wa binadamu tangu 2008 na haikutungwa kwa ajili ya kupendeza.

Najua utaniuliza, na OnlyFans je, ule mtandao watu wanalipia kukuangalia, si unajirekodi mwenyewe na faili ni lako? Kweli ni nafuu kidogo upande huo, ilianzishwa London 2016 na wao wanakata asilimia 20, inayobaki yako. Ila wateja hawakuletei, unawatafuta mwenyewe usiku kucha kwenye mitandao mingine, unajibu meseji za wanaume wa mabara matatu huku bando linakata, na mteja akirekodi skrini yake faili halikuwa lako tena. Pesa ndefu wanazipata wachache wa juu waliokuwa na jina kabla hawajaingia. Na kifungu cha 14 kinakusubiri palepale, hakijali ulijirekodi au ulirekodiwa.

Ungeniuliza mie ningeanzia hapo hapo ulipo. Elfu 30 ni ndogo kwa sababu mnaenda kama kundi la kuitwa tu, hamna bei, hamna advansi, mwenye harusi anawapa kilichobaki baada ya muziki na biriani. Andikeni makubaliano hata ya karatasi moja, nusu ilipwe kabla, na simu zisirekodi, mwenye shughuli asimamie hilo (kile kipande alichokiona huyo kaka nani alikirusha, we au mgeni?). Muwe na kibali pia, baikoko imeshagombana na Baraza la Sanaa kwa ajili ya mavazi, msijifanye hamjui. Halafu kuna soko ambalo naona vijana mnalidharau, soko la wanawake peke yao. Kuchezesha kwenye kitchen party, kumfunda mwali, singo, udi, viungo. Kungwi anayejua kukata kiuno na kufundisha kukata kiuno, milango imefungwa, wanaume hawapo, kamera hazipo, anaitwa mpaka Dar na analipwa kwa heshima, na miaka 50 akifika bei inapanda badala ya kushuka. Niambie ni muigizaji gani wa hizo filamu anazeeka hivyo. Mtafute somo mmoja mzuri hapo Tanga ukae naye, utatafuna miezi sita bila pesa ya maana, vumilia.

Kwa huyo kaka usimtukane wala usimjibu, piga skrinshoti ya meseji zote na namba, zihifadhi nje ya simu, hafu mbloku. Kama picha ulishatuma kabla barua yangu haijakufikia usilie peke yako, soma nilichomjibu bwana wa Pangani hapo chini.

*

Shangazi, na sisi wanaume je? Mi niko gym kila siku, mwili upo, nasikia kule wanaume wanalipwa kula raha.
Kifua Chuma, Makorora

Wanalipwa kidogo kuliko wanawake baba, na wanatakiwa kuwa tayari saa yoyote mbele ya watu kumi wenye taa, huku mmoja anakula chipsi. Kifungu cha 14 hakichagui jinsia. Baki gym.

*

Shangazi nina miaka 3 kwenye ndoa. Juzi kwenye grupu la WhatsApp la vijana wa mtaa imerushwa video ya zamani ya mke wangu akicheza akiwa karibu uchi, kabla hatujaoana. Aliyeirusha kanitumia meseji anataka laki 5 la sivyo anaisambaza kote. Nimlipe au nimpe mke talaka yake? Kichwa kinauma.
Mume, Pangani

Pole baba. Usilipe. Anayelipwa laki 5 leo, Ijumaa anarudi na laki 7, hao hawashibi. Piga skrinshoti ya meseji, namba na saa, muende wote wawili polisi dawati la jinsia, na mwambie admin wa grupu kwamba aliyeirusha na kila anayeifowadi nao wanachapisha, sheria ni ileile niliyoitaja juu, utaona wanavyofuta mbio. Hafu mkeo mwenyewe aingie StopNCII.org, ni bure, simu yake inatengeneza alama ya hiyo video, inatumwa alama tu video yenyewe haitoki kwenye simu, na mitandao iliyojiunga kama Facebook, Instagram na TikTok ikikutana nayo inaizuia. Ndani ya WhatsApp haifiki, ila ikitaka kutoka huko kwenda kwenye mitandao hiyo inadakwa.

Ya talaka sikuelewi. Alicheza kabla hajakujua, aliyekukosea ni mwenye simu. Hiyo laki 5 kama unayo kweli nenda Ngamiani kamnunulie mkeo doti ya khanga, na jina la khanga ulichague mwenyewe usimwachie muuzaji.