Tulipovuka Daraja Bila Kusemezana

Kwa miaka mingi kero yetu kubwa ya kwenda ukweni Sengerema ilikuwa foleni ya kivuko cha Ziwa Victoria pale Kigongo, ambako tulisubiri zamu ya gari huku mke wangu akimenya karanga na kunigawia. Daraja la Kigongo–Busisi lilipofunguliwa mwaka 2025, kilomita 3 hizo tulizimaliza kwa dakika chache, na tulipofika ng'ambo ndipo nilipotambua kwamba tangu tutoke Nyegezi hatukuwa tumezungumza lolote isipokuwa mafuta ya gari.

Hatukuwa tumegombana, na nadhani hilo ndilo lililonipumbaza. Mimi hununua dagaa katika soko la Mwaloni, Kirumba, jijini Mwanza, na kazi hiyo hufuata mwezi: wakati wa giza wavuvi huingia ziwani na taa zao, nami hutoka alfajiri, mbalamwezi ikiwa kali mitumbwi hupumzika. Kisingizio cha kazi, basi, sikuwa nacho mwezi mzima. Siku za mbalamwezi nilikuwa nyumbani, macho kwenye simu, na maneno yetu yakabaki kuwa taarifa tupu: umeme umeisha, ada inadaiwa, mtoto anakohoa.

Kosa langu la kwanza lilikuwa kumuuliza, "Mama, siku hizi una nini?" kana kwamba ugonjwa ni wake peke yake. Alijibu, "Sina kitu," nami nikaridhika upesi mno. Kilichosaidia ni kukiri jambo moja mahususi. Jioni moja akichambua mchele, nilimwambia kwamba mama yake alipolazwa nilituma fedha, lakini sikwenda kukaa naye hata siku moja. Alisimamisha mikono juu ya ungo, akasema bila kuniangalia, "Nilidhani hukuliona hilo, Baba." Sikujitetea, ingawa utetezi nilikuwa nao mdomoni.

Kwa hiyo, kabla ya kuwaita wazee au mshenga, ninakushauri utafute deni lako mwenyewe, ulitaje kwa jina lake, kisha unyamaze usikilize. Usitarajie majibu siku hiyohiyo. Wangu alichukua wiki kadhaa, na mengine aliyosema yaliniuma kweli. Palipo na kipigo au vitisho, ushauri huu haufai. Hapo tafuta msaada wa watu wengine mapema.

Mwezi uliopita tulikwenda tena Sengerema. Kabla ya daraja aliniambia niegeshe gari, akashuka kununua karanga, na chakula cha ukweni tukakikuta kimepoa.